Ndege za Vita Katika Kisiwa cha Bukini, 1942

Wazee wa pwani hukiita kisiwa cha Madagaska kwa jina la Bukini. Ni kisiwa kikubwa mno, urefu wake ni yapata maili 1,000, na kutoka Mombasa mpaka ncha yake ya kaskazini ni zaidi ya maili 800 za bahari tupu. Katika mwaka 1942 askari wengi wa Afrika Mashariki walipelekwa kupigana huko. Habari za askari hao wa miguu husimuliwa mara kwa mara. Habari za ndege zilizowatangulia hazijulikani sana, nazo zafaa kusomwa, maana zaonyesha kazi ambayo kikosi cha ndege chaweza kuifanya katika vita vya kisiwa, na kazi ambayo hakiwezi.

Kwanza tutazame sababu. Ufaransa ilishindwa na Wajerumani mwezi wa Juni 1940, na serikali iliyokaa katika mji wa Vichy ikapatana na mshindi. Bukini ilikuwa koloni la Kifaransa, na gavana wake, Armand Annet, aliitii serikali hiyo. Wenyeji wa kisiwa hawakuulizwa shauri, kama vile wenyeji wa Kenya nao hawakuulizwa walipoingizwa katika vita hivyo hivyo.

Kisha Wajapani wakaingia vitani. Singapore ilianguka tarehe 15 Februari 1942. Tarehe 5 na 9 Aprili ndege za Kijapani zilizipiga bandari za Colombo na Trincomalee katika kisiwa cha Ceylon, ambacho siku hizi chaitwa Sri Lanka. Tarehe 9 ziliizamisha baharini Hermes, manowari ya Kiingereza ya kuchukulia ndege, na ajabu yake ni kwamba siku ile haikuwa na ndege hata moja ya kuilinda. Basi manowari za Kiingereza zikarudi nyuma mpaka Kilindini. Ikiwa Wajapani wangeipata bandari ya Diego Suarez, iliyo kaskazini ya Bukini, nyambizi zao zingaliweza kuifunga njia ya bahari kati ya Bukini na Msumbiji, ambayo ndiyo iliyopitisha askari, mafuta na silaha kwenda Misri na Bara Hindi.

Waingereza wakaazimu kuitwaa bandari hiyo kwanza. Lakini ndege za kupigana angani zingefikaje huko? Ndege ya namna hiyo ni nyepesi, huchukua mafuta kidogo, na haiwezi kukaa hewani muda mrefu. Hurricane iliyoondoka Mombasa isingefika Diego Suarez, sembuse kupigana na kurudi. Kwa hiyo uwanja wenyewe ulisafirishwa baharini, katika manowari mbili, Illustrious na Indomitable.

Meli ya namna hii ina sitaha ndefu iliyo wazi kama barabara, na chini yake ghala ambamo ndege hutengenezwa na kutiwa mafuta na risasi. Ndege inapotaka kuruka, meli nzima hugeuzwa ielekee upepo na kwenda kwa mwendo mkali, ili upepo mwingi upite chini ya mabawa na ndege ipande kabla sitaha haijaisha. Wakati wa kutua, ndege huteremsha kulabu iliyo mkiani, nayo hunasa kamba ya chuma iliyotandazwa kukingama sitaha. Rubani akiikosa kamba hiyo, yuko hatarini.

Alfajiri ya tarehe 5 Mei 1942 askari waliteremka pwani ya magharibi, nyuma ya bandari, mahali ambapo Wafaransa hawakuwatazamia. Vikosi vya 881 na 882 vya Illustrious, vyenye ndege aina ya Martlet zilizoundwa Marekani, vililinda anga juu yao. Ndege za Swordfish, zenye mabawa mawili mawili na mwendo wa polepole, zilizishambulia meli bandarini, zikazamisha nyambizi Bévéziers na meli ya vita Bougainville. Ndege za Indomitable ziliupiga uwanja wa Arrachart, na Morane kadhaa za Kifaransa zikateketea zingali chini.

Hapo ndipo jambo lilipokatwa, kabla marubani wengi wa Kifaransa hawajaruka. Wafaransa hawakuwa waoga. Tarehe 7 Mei Morane tatu zilipambana na Martlet, zikaangusha moja, kisha zote tatu zikaangushwa. Lakini Martlet iliyopotea ilikuwa na nyingine ghalani, na Morane iliyopotea haikuwa na badala yake. Kiwanda chake kilikuwa Ufaransa, nayo Ufaransa ilikuwa mikononi mwa Wajerumani, na baharini hapakupitika. Siku hiyo hiyo bandari ikasalimu amri.

Manowari za ndege hazikukaa. Ndege za Afrika ya Kusini zilikuja kushika zamu, zikipitia Lindi katika Tanganyika. Hata hivyo, usiku wa tarehe 29 Mei ndege ndogo iliyochukuliwa na nyambizi ya Kijapani ilipita juu ya bandari na kuikagua. Jioni ya pili yake vijinyambizi vya Kijapani viliipiga manowari Ramillies humo bandarini.

Mwezi wa Juni ikawasili brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki, yenye askari wa K.A.R. wa Kenya, Tanganyika na Nyasa. Vita vya kukitwaa kisiwa kilichobaki viliongozwa na Jenerali William Platt, ambaye makao yake makuu yalikuwa Nairobi. Tarehe 10 Septemba majeshi yaliteremka Majunga, ndege za Illustrious zikiwalinda tena. Baada ya hapo kazi ya ndege ilipungua. Kutoka Majunga mpaka Tananarive ni zaidi ya maili 300, na Wafaransa walikuwa wamevunja madaraja na kuangusha miti barabarani. Ndege haiwezi kuondoa gogo njiani. Askari wa K.A.R. waliyaondoa kwa mikono na mashoka, wakauingia mji mkuu tarehe 23 Septemba, wakaendelea kusini mpaka mapigano yaliposimamishwa tarehe 6 Novemba.

Mtu atokaye katikati ya Nairobi kwa barabara ya Ngong ataona, karibu na msitu, makaburi ya vita. Ndani yake kuna kumbukumbu yenye majina ya askari wa nchi kavu waliokufa Bukini na kwingineko bila kaburi kujulikana. Mwenye kutafuta jina la rubani asilitafute hapo. Marubani wa manowari wasio na kaburi wameandikwa Lee-on-Solent, Uingereza. Wale wa vikosi vya anga, pamoja na waliopotea Bukini, wameandikwa El Alamein, katika nchi ya Misri.