Mwigizaji wa Mataifa Mawili

Katika mwaka 1920 alizaliwa mtoto wa kike katika nchi ya Manchuria, upande wa kaskazini mashariki ya Uchina. Wazazi wake walikuwa Wajapani, wakamwita Yamaguchi Yoshiko. Baba yake alikuwa akiwafundisha Kichina Wajapani wafanyao kazi ya reli, na binti yake naye alijifunza hata akaisema lugha hiyo sawasawa na wenyeji. Mwaka 1933 jemadari mmoja Mchina, rafiki wa baba yake, alimfanya kuwa binti yake kwa desturi ya urafiki, akampa jina la Li Xianglan.

Yoshiko aliugua kifua, akafundishwa kuimba ili mapafu yake yapate nguvu. Sauti yake ilikuwa nzuri mno. Siku zile Wajapani walikuwa wamekwisha kuiteka Manchuria, nao walitaka kuivuta mioyo ya Wachina kwa nyimbo na picha za sinema. Basi walimchukua Yoshiko, wakamtangaza kwa jina lake la Kichina. Mwaka 1938, akiwa na umri wa miaka 18, alianza kuigiza. Watazamaji waliamini kwamba ni Mchina, wala yeye hakuwaambia kweli.

Mwaka ule ule alikwenda Japani kwa mara ya kwanza. Mkaguzi wa bandarini, alipoona hati yake ya Kijapani na mavazi yake ya Kichina, alimkemea, kana kwamba ni aibu Mjapani kufanana na Mchina. Hapo Yoshiko alitambua jinsi watu wa damu yake walivyowadharau watu wa nchi aliyozaliwa. Walakini aliendelea na kazi, na sifa zake zikaenea.

Katika picha ya mwaka 1940, iitwayo Usiku wa Uchina, aliigiza yatima Mchina apigwaye kofi na baharia Mjapani, kisha akampenda. Wajapani wengi waliifurahia picha hiyo. Wachina waliiona kuwa ni tusi, kwa maana wakati ule jeshi la Japani lilikuwa likiiharibu nchi yao.

Vita vilipokwisha mwaka 1945, Yoshiko alikuwa Shanghai. Wachina walimshitaki kuwa ni msaliti, yaani Mchina aliyewasaidia adui. Na msaliti aliweza kuhukumiwa kufa. Jina lililompa sifa sasa likawa kitanzi. Alisema kwamba yeye ni Mjapani, lakini nani angemsadiki pasipo ushahidi? Wazazi wake walikuwa mbali, huko Beijing. Kwa msaada wa rafiki yake wa utotoni, msichana wa Kirusi, hati ya ukoo wake ilimfikia, nayo ilikuwa imefichwa ndani ya mwanasesere. Mwezi wa Februari 1946 aliachiliwa, kwa kuwa mtu hawezi kulisaliti taifa lisilo lake. Hakimu alimwacha huru. Lakini picha zile zilimsikitisha maisha yake yote.

Akarudi Japani, akaanza tena kwa jina lake la kweli. Mwaka 1950 aliigiza katika picha ya Kurosawa Akira, bingwa wa sinema wa Japani. Huko Marekani, ambako aliitwa Shirley Yamaguchi, aliigiza katika picha mbalimbali, mojawapo House of Bamboo ya mwaka 1955. Mwaka 1958 aliacha sinema. Baadaye alitangaza habari katika televisheni, akasafiri mpaka nchi zenye vita, kisha akawa mjumbe wa Bunge la Japani tangu 1974 hata 1992.

Mwaka 1987 alitoa kitabu cha maisha yake, akaeleza waziwazi jinsi alivyotumiwa, akajuta. Alisaidia pia mfuko wa kuwafariji wanawake waliodhulumiwa na jeshi la Japani. Alifariki mwaka 2014, mwenye umri wa miaka 94.

Kujua lugha mbili na desturi mbili ni mali kubwa. Lakini mali hiyo, ikitumiwa kwa hila, humgeukia mwenyewe. Wahenga walisema: Njia ya mwongo ni fupi.

MASWALI

1. Yoshiko alijifunzaje Kichina?
2. Kwa nini Wachina walichukizwa na picha ya mwaka 1940?
3. Ni kitu gani kilichomwokoa Shanghai?
4. Ikiwa mahakama ilimwachilia, kwa nini alijuta?