Mwenye Kisukari Ale Nini Wakati wa Baridi?

Toka Juni hadi Agosti baridi ya Nyanda za Juu Kusini hutuvuta kwenye ugali mwingi na chai yenye sukari. Kwa mwenye kisukari hiyo ni hatari. Mwezi huu tujifunze kupika nyama kwa viungo vya pwani na forosadi za bustanini kwetu.

Mahitaji (watu 4): Nyama isiyo na mafuta nusu kilo, kitunguu 1, punje 3 za kitunguu saumu, tangawizi kidogo, binzari nyembamba kijiko kidogo 1, kijiti 1 cha mdalasini, iliki 3, mafuta vijiko 2, forosadi mbivu kikombe 1.

Kupika: Chemsha nyama mpaka ilainike. Kaanga kitunguu, tia viungo, kisha nyama na supu yake. Forosadi zilizooshwa zitiwe dakika 5 za mwisho. Zina sukari yake ya asili, kwa hiyo usiongeze nyingine.

Kupakua: Nusu ya sahani iwe mchicha au kabichi, robo nyama, robo ugali.

Angalieni: Anayechoma insulini au kumeza vidonge vya kisukari asiache ugali ghafla bila kumwona daktari. Tumepokea waliofanya hivyo wakitetemeka, wakitokwa jasho na kuchanganyikiwa. Sukari imeshuka mno. Akiweza kumeza, mpeni mara moja maji yenye vijiko vidogo 3 vya sukari, halafu chakula. Aliyezimia msimpe kitu mdomoni; mkimbizeni hospitali.