Ujiji na Misioni za Ziwa Tanganyika

Jina la Ujiji likitajwa, wengi wetu hukumbuka mwembe na habari ya Stanley kumkuta Dakta Livingstone mwaka 1871. Watoto hufundishwa habari hiyo shuleni, nayo ni ya kweli. Lakini yaliyofuata hayasimuliwi sana. Katika muda wa miezi mitano tu, tangu Agosti 1878 mpaka Januari 1879, misafara miwili ya wamisionari iliingia katika mji huo, mmoja wa Waprotestanti waliotoka Uingereza, wa pili wa Mapadre Weupe waliotumwa kutoka Algiers. Yafaa familia zetu zizijue habari za wote wawili.

Tuanze na waliotangulia. Chama cha Misioni cha London kiliundwa mwaka 1795, nacho ndicho kilichomleta Livingstone Afrika mara ya kwanza. Livingstone alipokwisha kufariki, tajiri mmoja wa mji wa Leeds, Bwana Robert Arthington, alikiahidi chama hicho pauni 5,000 ili Injili ihubiriwe kando ya Ziwa Tanganyika. Basi fedha ikapatikana, lakini njia haikuwapo. Mizigo yote ya bara ilikwenda juu ya vichwa na mabega ya wapagazi. Mchungaji Roger Price, aliyekuwa amezoea magari ya ng'ombe huko kusini ya Afrika, aliona kuwa hata huku yangefaa. Mwaka 1876 alijaribu njia ya Saadani mpaka Mpwapwa, akarudi na matumaini. Mwaka uliofuata msafara wenyewe ulipoondoka pwani, mbung'o wakawamaliza ng'ombe, na magari yakakwama. Price akarejea Uingereza kueleza mambo yalivyo. Wenziwe wakaendelea kwa miguu pamoja na wapagazi.

Tarehe 23 Agosti 1878 Thomson, Hore na Hutley waliingia Ujiji. Kabla ya kutimia mwezi mmoja na nusu Thomson alikuwa kaburini. Dodgshun, aliyechelewa nyuma na mizigo, alifika mwishoni mwa Machi 1879, akaishi siku chache tu. Dakta Mullens, katibu wa chama, aliamua kuja mwenyewe kutoka London kuwatia moyo. Akafariki Julai mwaka huo huo karibu na Mpwapwa, hata ziwa hakuliona.

Upande wetu mambo yalikwenda vivyo hivyo. Mwezi Februari 1878, siku chache baada ya Leo XIII kuchaguliwa kuwa Baba Mtakatifu, Askofu Mkuu Lavigerie alipewa kazi ya misioni za Afrika ya kati. Aprili kundi la kwanza likapanda meli Marseille. Padre Pascal, aliyewekwa kuwa mkubwa wa wale wa Tanganyika, alikufa njiani mwezi Agosti. Padre Deniaud akashika mahali pake, akaingia Ujiji na wenzake Januari 1879.

Walikuta mji wa biashara, ambao mkubwa wake alikuwa Mwinyi Kheri. Utajiri wake ulikuwa pembe na watumwa. Sultani Barghash alikuwa amekwisha kutia sahihi mkataba na Waingereza mwaka 1873 wa kufunga masoko ya watumwa, na kila mfanya biashara wa Ujiji alijua jambo hilo. Mzungu anayetaka kiwanja cha kujenga angeonwaje na watu hao, ila kama jicho la balozi wa Kiingereza wa Unguja? Ndiyo sababu Waingereza walisumbuliwa sana walipotaka mahali pa kukaa. Wala haifai kusema kwamba ni Uislamu tu uliowazuia, kama wengine wanavyopenda kusema. Wenyeji wale waliilinda biashara yao. Tena Hore baadaye alikuwa na urafiki na baadhi ya wakubwa wao, naye Rumaliza alikuwa mmojawapo.

Mapadre hawakukaa sana. Mwaka ule ule wa 1879 walivuka mpaka Rumonge, katika nchi ya Burundi. Huko, tarehe 4 Mei 1881, Padre Deniaud, Padre Augier na msaidizi wao Mbelgiji, d'Hoop, waliuawa. Chanzo kilikuwa ugomvi juu ya mtoto mmoja aliyekombolewa.

Hapa tutue kidogo, maana jambo hili ni zito. Misioni zetu za kwanza za ziwani zilijaa watoto walionunuliwa kwa wafanya biashara ili wawe huru. Aliyemwona mtoto amefungwa kamba hakuweza kumpita. Hata hivyo, vitambaa vilivyolipwa kwa ajili yake viliingia mkononi mwa muuzaji, na muuzaji aliijua njia ya kwenda kutafuta mwingine. Wengine hujibu kwa kumtaja Adrian Atiman. Yeye alizaliwa katika nchi iitwayo leo Mali, akaibwa angali mtoto, akakombolewa na Mapadre Weupe, akasomea udaktari Malta, akafika Karema mwaka 1889. Hapo aliwatibu watu mpaka alipofariki mwaka 1956. Jibu hilo linatosha kwa Atiman. Kwa yule mtoto aliyekamatwa baadaye kwa kuwa bei ilipatikana, halitoshi.

Hore alikuwa baharia, akalitumikia ziwa kibaharia. Mwaka 1879 alithibitisha kwamba maji ya Tanganyika hutoka kwa mto Lukuga kuelekea magharibi, jambo ambalo wasafiri walikuwa wakibishana. Mashua yao ya chuma, Morning Star, ililetwa vipande vipande, ikaundwa Ujiji mwaka 1883. Merikebu ya moshi, Good News, ikashushwa majini kusini ya ziwa mwaka 1885. Mwaka huo mkewe Hore aliingia Ujiji pamoja na mtoto wao mdogo, amechukuliwa na wapagazi katika kiti cha wagonjwa tangu pwani. Lakini homa na upungufu wa watu viliwashinda. Wakaiacha Ujiji, wakaenda kisiwa cha Kavala, kisha ncha ya kusini. Mapadre nao mwaka 1885 walipewa Karema na Wabelgiji.

Kituo cha Urambo, ambacho Waingereza walikifungua mwaka 1879, walikikabidhi kwa Wamoravian mwaka 1898. Wamoravian hao ndio ambao John Wesley, mwanzilishi wa Wamethodisti, aliwaona melini akienda Georgia, Marekani, wakiimba bila hofu katika dhoruba, jambo lililomgusa maisha yake yote. Na kule kusini, warithi wa misioni ya Hore waliungana na Wamethodisti mwaka 1965, wakawa Kanisa la Muungano la Zambia. Kanisa la mawe walilolijenga Niamkolo katika miaka ya 1890 limebaki gofu, karibu na Mpulungu, bandari ambako meli Liemba ilikuwa ikimaliza safari yake kutoka Kigoma.