Dondoo muhimu: Tulia, kamera ione

Frederick Wiseman wa Marekani alikuwa mwanasheria kabla ya kutengeneza filamu za hali halisi. Hakusomea filamu darasani. Filamu yake Titicut Follies ya 1967 haina msimulizi wala mahojiano. Ukienda kurekodi soko la samaki, fuata mfano wake.

Omba ruhusa, kisha kaa. Usimwambie mpara samaki arudie kwa sababu hukuwahi. Msubiri achukue samaki mwingine.

Sauti ni nusu ya kazi, na wengi wetu tunaidharau. Wiseman alishika maikrofoni mwenyewe, kamera akamwachia mwenzake. Magamba yakirukia ndoo ya bati, acha yasikike, usiyafunike kwa muziki.

Uhariri usiuharakishe, Wiseman alikaa nao miezi mingi.

Na siku ya kwanza, tafadhali, salimia watu kamera ikiwa mkobani.