Kuimbika kwa Shairi: Kanuni ya Amri Abedi na Ushahidi wa Inanga katika Nyanda za Juu za Kigoma

1.0 Utangulizi

Sheikh Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka 1924 na kufariki mwaka 1964. Kitabu chake, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri (1954), kiliwapa wanamapokeo hoja yao kuu, kwamba shairi ni wimbo na kwamba lisiloimbika halistahili jina hilo. Mgogoro wa ushairi ulipopamba moto katika miaka ya 1970, baada ya kutoka kwa Kichomi cha Kezilahabi (1974) na Malenga wa Bara cha Mulokozi na Kahigi (1976), hoja hiyo ilirudiwa mara nyingi, aghalabu kwa maana finyu: kuimbika kulichukuliwa kuwa ni kutimiza vina na mizani. Makala haya hayakusudii kuufufua mgogoro huo, ambao umekwisha andikiwa vya kutosha. Linalotushughulisha ni swali linaloutangulia, ambalo kwa maoni yetu halikuulizwa ipasavyo na upande wowote: kuimbika ni nini hasa? Ili kulijibu tutaondoka Ujiji alikozaliwa Abedi na kupanda nyanda za juu za Kasulu na Kibondo, ambako lugha ya wenyeji inalifunga neno na muziki kwa namna isiyojulikana pwani.

2.0 Lahani kama vazi

Kiswahili ni mojawapo ya lugha chache za Kibantu zilizopoteza toni. Kilichobaki ni mkazo, ambao kwa kawaida huangukia silabi ya pili kutoka mwisho. Matokeo yake katika ushairi ni makubwa kuliko tunavyokiri. Shairi lenye mizani kumi na sita katika kila mshororo, nane kwa nane, laweza kuimbwa kwa lahani yoyote iliyopimwa kwa kipimo hicho, wala hakuna neno litakalogeuka maana. Ndiyo maana katika taarabu mtunzi wa maneno aweza kuwa mtu mmoja na mtunzi wa muziki mtu mwingine. Lahani ni vazi, na shairi hulivua na kuvaa jingine. Abedi aliandika akiwa ndani ya mapokeo haya, na katika mipaka yake kanuni yake ni sahihi.

Kiha hakina ruhusa hiyo. Katika uainishaji wa Guthrie lugha hii ni D66, jirani wa karibu wa Kirundi (D62), na kama ilivyo kwa jirani yake, toni na urefu wa irabu hutenganisha maana za maneno. Harjula (2004) ameueleza muundo wake kwa kirefu. Mtunzi wa Kiha anapochagua neno amekwisha kuchagua, kwa sehemu, mpando na mshuko wa sauti. Hatusemi kwamba lahani huifuata toni kitumwa. Watunzi wa lugha zenye toni wana mbinu zao za kukwepa, na muktadha huwasaidia wasikilizaji kuelewa. Lakini lahani hapa si vazi tena. Ni sehemu ya mwili.

3.0 Mnong'ono wa inanga

Mfano ulio wazi kuliko yote ni inanga. Hiki ni chombo cha ubao mrefu uliochimbwa katikati mfano wa chano, na uzi mmoja mrefu hupitishwa huku na huko juu yake hadi ukawa safu ya nyuzi. Sauti yake ni nzito na ya chini. Kinapatikana kuanzia Rwanda na Burundi hadi magharibi ya Tanzania, na tendi za nanga za Wahaya zilichunguzwa na Mulokozi katika tasnifu yake ya mwaka 1986.

Warundi wana namna moja ya kukitumia inayostahili kutazamwa kwa makini. Fanani hapazi sauti: hunong'ona. Sasa, katika mnong'ono nyuzi za sauti kooni hazitetemeki, kwa hiyo mnong'ono hauwezi kubeba lahani wala toni kwa njia ya kawaida. Lugha yenye toni inaponong'onwa hupoteza sehemu ya maana zake. Hata hivyo msikilizaji husikia maneno yakiimbwa, na yakiimbwa kwa ufasaha. Fales (2002) ameeleza kwamba siri imo sikioni: nyuzi za inanga hufuata mwendo wa toni za maneno, na msikilizaji huunganisha sauti ya chombo na pumzi ya fanani, akaamini kwamba ni koo linaloimba. Kinywa hutoa konsonanti na irabu. Ubao hutoa toni.

Je, sanaa hii tuiweke wapi? Mulokozi (1989), katika uainishaji wake wa tanzu za fasihi simulizi, alitenganisha nyimbo na maghani ndani ya ushairi, na akaipa fasihi ya ngoma utanzu wake, ngomezi. Mgawanyo huo umetufaa sana madarasani. Lakini inanga ya mnong'ono si wimbo, kwa kuwa sauti ya mtu haiimbi. Si ghani tupu, kwa kuwa lahani ipo. Na si ngomezi, kwa kuwa chombo hakisemi peke yake. Twaona kwamba tatizo haliko katika kutafuta kisanduku cha nne. Mgawanyo wenyewe umejengwa juu ya dhana kwamba maandishi ya maneno ni shairi kamili na muziki ni nyongeza ya uwasilishaji. Kwa inanga, maneno yaliyoandikwa ni nusu ya matini. Mtu akimwuliza Abedi kama matini hiyo yaimbika, jibu ni kwamba haiimbiki kwa kinywa, na bado ni wimbo.

4.0 Uwandani

Hapa ndipo Kasulu na Kibondo zinapokuwa zaidi ya mfano. Falme za Heru, Kasulu, na Muhambwe, Kibondo, zilitawaliwa na watu wenye cheo cha Mwami kama Burundi, na mpaka wa kikoloni ulipita katikati ya wasemaji wanaoelewana. Wakimbizi wa Kirundi waliofika mwaka 1972, 1993 na 2015 hawakuja kwenye lugha ngeni. Mtafiti aliyetaka kulinganisha utungaji wa Kiha na wa Kirundi aliweza kufanya hivyo ndani ya wilaya mbili. Nafasi hiyo imekuwa ikipungua: kambi ya Mtabila, Kasulu, ilifungwa mwaka 2012, na Mtendeli, katika wilaya ya Kakonko iliyomegwa kutoka Kibondo, mwaka 2021. Urejeshaji wa hiari uliopangwa ulianza mwaka 2017.

Mikusanyo ya nyimbo inayoletwa na wanafunzi wetu kwa kawaida huwa na safu mbili, Kiha na tafsiri ya Kiswahili. Toni haziandikwi, urefu wa irabu hupotea, na muziki hutajwa kwa sentensi moja mwanzoni: "huimbwa kwa inanga." Mwanafunzi halaumiwi, kwani ndivyo tulivyomfundisha. Mkusanyo ufaao ungekuwa na safu nne: maneno yenye alama za toni, noti za chombo zikiwa zimepangwa chini ya silabi zake, tafsiri, na maelezo ya fanani mwenyewe kuhusu mahali alipolazimika kuchagua kati ya neno na mkondo wa nyuzi. Fanani aulizwe pia arudie maneno yaleyale bila chombo, kisha chombo bila maneno, na wasikilizaji wa kijijini kwake waseme wamesikia nini katika kila rekodi.