Mkataba wa Miezi Mitatu Mitatu: Mwenye Ulemavu Ajilinde Vipi Serikalini

Ofisi ikikwambia "wewe ni wa muda tu, huna haki", uliza kwa adabu ni kifungu gani kinachosema hivyo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inawahusu wafanyakazi wote wa Tanzania Bara, wa serikalini wakiwemo. Waliowekwa kando ni wa Jeshi la Wananchi, Polisi, Magereza na JKT, na hata hao hawajatolewa kwenye kifungu cha 7 kinachokataza ubaguzi. Ulemavu umetajwa humo waziwazi, na anayeomba kazi analindwa sawa na aliyekwisha kuajiriwa.

Anza na barua yako ya ajira. Angalia unalipwa kwa siku, kwa mkataba wenye tarehe ya mwisho, au umeajiriwa kwa masharti ya kudumu. Tangu marekebisho ya Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2016, mtumishi wa umma hana budi kumaliza kwanza ngazi za rufaa za utumishi wa umma kabla ya kukimbilia sheria za kazi. Lakini sheria hiyo haihesabu kuwa ya utumishi wa umma kazi inayolipwa kwa saa, kwa siku au kwa mkataba wa muda. Kwa hiyo kibarua wa halmashauri na karani wa mkataba mlango wao kwa kawaida ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, yaani CMA. Ukikosea mlango, siku zinahesabika huku unazungushwa.

Huna barua? Tunza picha za daftari la mahudhurio, meseji za msimamizi, miamala ya malipo. Shauri likifika mbele, mwajiri akishindwa kutoa mkataba wa maandishi, mzigo wa kuthibitisha masharti ya kazi humwangukia yeye.

Sasa mahitaji yako. Wengi huyasema kwa mdomo, bosi anaitikia, na yanaishia hapo. Andika. Barua fupi inatosha:

"Mimi ni karani wa takwimu, natembea kwa magongo. Masijala ipo ghorofa ya pili na jengo halina lifti. Naomba nifanyie kazi chumba cha chini, na majalada yaletwe na mhudumu. Kazi zangu zote nitaendelea kuzifanya. Naomba jibu kwa maandishi."

Taja kazi, kikwazo na suluhisho, usisimulie historia ya ugonjwa. Peleka nakala mbili masijala, moja igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, urudi nayo nyumbani. Muhuri huo una nguvu kuliko shahidi anayeogopa kupoteza kazi yake. Kama ulemavu umekupata ukiwa kazini, kanuni za mwaka 2007 zinamtaka mwajiri, kabla ya kukuachisha, apime chanzo chake, kiwango chake, kama ni wa muda au wa kudumu, na kama kazi inaweza kurekebishwa ikufae.

Penye maumivu zaidi ni kutohuishwa mkataba. Umesaini miezi mitatu mara nne, unaomba chumba cha chini, mara ya tano unaambiwa mkataba umeisha, na wiki inayofuata kiti chako kina mtu mwingine. Watu hukata tamaa hapo, na wanakosea. Kifungu cha 36 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini kinahesabu kutohuisha mkataba kuwa ni kuachishwa kazi, iwapo ulikuwa na matarajio ya msingi kwamba utahuishwa. Matarajio hayo yanajengwa na mikataba ya nyuma, ahadi iliyoandikwa, na kazi yenyewe kuendelea. Kwa upande mwingine, kama ulipewa mkataba mmoja wa mradi na mradi umefungwa, usipoteze nauli. Kifungu cha 37 nacho hakikubali ulemavu uwe sababu ya kumwachisha mtu. Na ukionyesha dalili za awali za ubaguzi, ni mwajiri atakayetakiwa kujieleza.

Kuna ile asilimia 3 ya Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010, inayomtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi aajiri wenye ulemavu. Ni nzuri ukiwa unadai nafasi kupitia chama chenu. Kama kinga ya mkataba wako wewe, usiitegemee sana.

Tazama kalenda. Madai ya kuachishwa isivyo halali hufikishwa CMA ndani ya siku 30, migogoro mingine ndani ya siku 60, kwa fomu namba 1 ya CMA. Aliyefanya kazi chini ya miezi sita kwa mwajiri huyo hawezi kudai kuachishwa isivyo halali, lakini dai la ubaguzi analo, kwa hiyo aliandike hivyo kwenye fomu. Ukichelewa, ambatisha fomu namba 2 ya kuomba kuongezewa muda, ukieleza sababu ya kila siku iliyopita. Na wa Zanzibar wasitumie vifungu hivi: kule ajira ina sheria yake, ya mwaka 2005.