Mpaka Kwanza, Kesi Baadaye

Jirani akisogeza ua wake mita moja ndani ya shamba lako, neno la kwanza huwa ni "tutaonana kortini". Korti ipi? Nchini Kenya, jibu linategemea mnagombania nini hasa. Je, mnabishana ardhi ni ya nani, au kila mmoja anakubali kuwa mwenzake ana yake, ila hamjui moja inaishia wapi na nyingine inaanzia wapi? Swali la kwanza ni la haki. La pili ni la vipimo, na hakimu haketi na futi kamba mezani.

Tuanze na vipimo, maana huko ndiko wengi hupotelea. Ardhi iliyosajiliwa ina mipaka ya aina mbili. Ipo iliyopimwa kwa vyombo, kila kona ikawekewa bikoni na namba zake zikaandikwa kwenye ramani ya upimaji. Hata mtu aking'oa bikoni usiku, mpima ardhi anaweza kuirudisha mahali pake kwa hesabu. Aina ya pili ni ya mashamba mengi ya vijijini. Wenyeji walipanda ua mpakani, ndege ikapiga picha kutoka juu, kisha mchoraji akaufuata mstari wa michongoma ulioonekana pichani. Ramani iliyotokana na kazi hiyo huonyesha shamba liko upande gani na limepakana na nani. Haikukusudiwa kuonyesha mpaka hadi sentimita, ndiyo maana hati miliki yenyewe hutaja ukubwa wa shamba kwa makadirio tu.

Sasa itandaze ramani ya namna hiyo mezani, yenye kipimo cha 1:2,500. Milimita moja ya karatasi ni mita mbili na nusu za shamba. Mstari wa kalamu wenye unene wa nusu milimita unafunika mita 1.25 za udongo. Jirani aliyeingia mita moja amejificha ndani ya wino! Hapo bado hatujataja nakala iliyotolewa kwenye nakala nyingine, wala karatasi iliyokunjwa miaka nenda miaka rudi. Ukimpa jaji ramani hiyo peke yake aamue mita moja ni ya nani, unamwomba asome kitu ambacho hakijaandikwa.

Sheria inalijua hilo. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 kinaizuia mahakama kusikiliza mgogoro wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka huo haujaamuliwa na msajili wa ardhi. Msajili huwaarifu majirani wanaohusika, akafika shambani na mpima ardhi, wakakagua ua na alama nyingine, wakapima, wakasikiliza ushahidi. Kisiki cha mchongoma wa zamani kinaweza kusema mengi kuliko ramani iliyofifia, na wazee waliokuwapo ua ulipopandwa hawafai kuachwa nyumbani siku hiyo. Ndipo mahakama hupata mstari wa kuufanyia kazi: kuamuru ua ung'olewe, kumzuia mvamizi asirudi, au kumtoza fidia.

Lakini si kila uvamizi ni swali la mpaka. Mtu akijenga katikati ya ploti yako, kamba ya mpima ardhi haitasaidia lolote. Mkabili mahakamani moja kwa moja. Vivyo hivyo kwa hati mbili zinazodai shamba moja. Kifungu cha 80 cha sheria hiyo hiyo kinaipa mahakama uwezo wa kuamuru usajili ufutwe au urekebishwe iwapo ulipatikana kwa ulaghai au kwa makosa.

Ukishajua kesi yako ni ya mahakama, ndipo thamani ya kinachogombaniwa inapoingia. Hakimu mkuu aliyetangazwa rasmi kushughulikia kesi za ardhi anaweza kusikiliza shauri lisilozidi shilingi milioni 20, na kiwango hicho hushuka kadiri cheo cha hakimu kinavyoshuka, hadi milioni 5. Zaidi ya milioni 20, nenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 2011. Usivutwe na jina la Mahakama Kuu. Majaji wake wana hadhi sawa na wale wa ardhi, lakini Katiba inawakataza kugusa mashauri ya wenzao. Mwaka 2017 Mahakama ya Upeo ilisisitiza tofauti hiyo katika shauri lililotoka Malindi, ambako jaji wa ardhi alikuwa ameketi kusikiliza rufaa ya wizi wa kutumia nguvu.

Ukikosea mlango, usitegemee kuelekezwa mwingine. Uamuzi wa Uganda wa mwaka 1968, ambao majaji wa Kenya wameufuata mara nyingi, unasema kesi iliyofunguliwa mahali pasipo na mamlaka haiwezi kuhamishwa, kwa kuwa kisheria hakuna cha kuhamisha. Unaanza upya na ada mpya.

Na miaka inahesabiwa. Madai ya kurejeshewa ardhi hufa baada ya miaka 12 tangu haki ya kudai ilipoanza. Baada ya hapo, aliyekikalia kipande hicho waziwazi, bila ruhusa yako na bila kukatizwa, anaweza kwenda mahakamani yeye mwenyewe kuomba asajiliwe kuwa mmiliki wake.